Sauti ya Bibi Yako Kwenye Filamu ya Bwana Nishimori

Mwanangu Mundhir,

Salamu nakupa kwa maandishi ilhali tumo nyumba moja. Nakusikia huko chumbani unabishana na baba'ko juu ya uzito wa begi. Yeye anataka utoe vitabu, weye unataka utoe haluwa. Alasiri imeshaswaliwa, ndege yako ni kesho asubuhi, na mimi nimejifungia jikoni nikasema napika. Sufuria liko juu ya moto, lakini ndani yake mna maji matupu.

Mambo ya baridi ya Tokyo, ya kula, ya kuswali, ya kupiga simu, baba'ko ameshakwambia yote, na mengine kakwambia mara mbili. Huko sina la kuongeza. Nna jambo moja tu ambalo nilikuficha.

Unakumbuka ulipokuwa na miaka kumi na tano ulinijia hapa hapa jikoni na simu yako, ukaniwekea sikioni, ukasema, "Mama, hebu sikiliza hii." Ilikuwa ile filamu ya Wajapani iliyopigwa hapa Maskati, umeiokota mtandaoni. Ukaniuliza huyu mwanamke anayeimba mwishoni ni nani, mbona Kiswahili chake ni cha kwetu, na mbona kwenye majina wameandika "mwimbaji asiyejulikana" na basi. Nikakwambia sijui. Nikageuza samaki kwenye kikaango. Weye ukarudi chumbani, na tangu siku ile ukawa hutaki tena uhandisi, unataka kutunga muziki wa filamu kama yule mzee wa Kijapani. Kesho unakwenda kusoma kwenye chuo alichokuwa akifundisha.

Yule mwanamke ni bibi yako. Bi Ghaniya, mama yangu mimi. Waliojua ni mimi, baba'ko, mjomba wako Said Allah amrehemu, mkewe Zahra, na jamaa waliokuwapo siku moja nitakayokuhadithia, na sote tulikubaliana tusiseme mbele yenu watoto. Weye ulimjua bibi aliyekwisha nyamaza, ndiyo maana hukuitambua sauti.

Nilikuwa na miaka ishirini na tano, sijaolewa. Tulikaa Darsait, mimi na bibi yako, ghorofa ya pili juu ya duka la washonaji; vyarahani vyao vilikuwa vikisikika mpaka chumbani kwetu tangu asubuhi mpaka Isha. Mjomba wako alikuwa ameshapata nyumba ya serikali Sib. Mimi nilikuwa karani wizarani. Wakaja Wajapani kupiga filamu, na mkubwa wangu wa kazi akaniambia niwe na mzee mmoja wao, kwa kuwa Kiingereza najua na gari naendesha. Wenzake walikwenda milimani na makamera yao. Yeye alibaki mjini, asikilize.

Huyo ndiye Bwana Nishimori. Alikuwa mtu mfupi wa miaka sitini na kitu, shati jeupe kafunga vifungo mpaka shingoni kwenye joto la Juni, na mkononi ana kinasa sauti kidogo amekifunga kwenye kitambaa kama mtu aliyebeba yai. Kila tukipita mahala ananambia nisimamishe gari. Anafungua mlango, anakaa. Kisha ananambia twende. Wiki ya kwanza nilidhani kazi niliyopewa ni ya kumlinda mzee asiyekuwa na akili timamu.

Siku moja gari ikachemka kwenye magereji ya Wadi Kabir. Rejeta ilipasuka, na fundi mmoja wa Kihindi akatwambia tungoje masaa matatu. Akatupa viti viwili vya plastiki kivulini, na mtu akatuletea chai ya maziwa. Nyundo zikipiga kila upande. Pale ndipo alipoanza kunihadithia, na nadhani alinihadithia kwa sababu alijua akirudi kwao hatoniona tena.

Baba yake alikuwa fundi wa majamvi. Yeye alijifunza piano kwa kutazama, akawa anapiga kwenye jumba la dansa kijana mdogo, watu wamelewa, hakuna anayemsikiliza. Halafu akapata kazi ya kunakili noti kwa mtunzi mmoja mkubwa wa muziki wa filamu. Mkubwa anaandika, yeye ananakili safu ya kila mpigaji, fidla kwake, filimbi kwake, ngoma kwake. Miaka saba. Mwaka wa saba yule bwana akaugua filamu ikiwa nusu, na yeye akaumaliza ule muziki wote peke yake kwa siku tisa. Filamu ikatoka, ikasifiwa, na jina lililoandikwa ni la mkubwa. Nikamuuliza kama iliuma. Akasema hapana, ilikuwa siku ya furaha kupita zote, kwa kuwa alikaa sinema gizani na watu wakalia, na hakuna aliyejua kuwa aliyewaliza yuko kiti cha nyuma.

Baada ya hapo akapata filamu zake mwenyewe. Za mapanga, za mazimwi, za polisi, mwisho zile za majumbani zenye mama anayechambua maharage na hakuna anayesema kitu. Sitini na zaidi. Aliniambia kazi yenyewe ni ya utumishi. Unaambiwa hapa tunataka sekunde arobaini za huzuni, unazileta, mwongozaji anakata thelathini na kuzifunika na sauti ya mvua. Wiki sita za kazi zinatupwa kwa neno moja, na weye unainama unasema ahsante.

Kisha akanihadithia ya mkewe. Aliugua wakati wapigaji arobaini wameshakusanywa studio na filamu imeshatangazwa siku ya kutoka. Daktari akamwambia aje. Yeye akasema nipeni siku mbili. Siku ya pili, mchana, alikuwa anawarudisha watu wa fidla kwenye kipande kimoja ambacho hakikuwa kinamridhisha. Simu ikalia nje, mtu akaipokea. Mwenye filamu akakataza asiambiwe mpaka amalize.

"Na mimi nilijua," akanambia. "Niliiona sura ya yule aliyepokea simu kupitia kioo. Nikawaambia watu wa fidla, tena, tangu mwanzo."

Mwanangu, maneno yale niliyasikia nikiwa na kikombe cha chai mkononi, na nikamhurumia. Nilitakiwa nimuogope. Sikuwa na akili hiyo. Niliona mzee mpweke aliyepoteza, sikuona mtu ambaye anaweza kujua jambo na akaendelea.

Shida yake wakati ule ilikuwa hii. Filamu ilikuwa ya mjane wa Kijapani ambaye mumewe mhandisi kafa huku kwetu kwenye mafuriko ya wadi, bonde kavu linalojaa maji mvua ikinyesha. Mwisho kabisa anakwenda pahala pale, anasimama. Basi. Dakika nne hakuna anayesema. Mwongozaji alikuwa kijana, na alikuwa ameshamkatalia nyimbo nne. Keshamwambia asiporudi na kitu, kuna mtunzi mwengine keshaitwa. Bwana Nishimori alijua kuwa mtu wa umri wake akifukuzwa kwenye filamu moja hapati ya pili.

Na mimi pia nilikuwa na langu. Nilikuwa nataka kuondoka. Nilipenda kinasa sauti kile, nilipenda alivyonifundisha kushika waya na kuziba upepo, na yeye akanambia nna masikio, chuoni kwake kuna masomo ya sauti, ataniandikia barua. Bibi yako nilipomdokezea hakupandisha hata sauti. Alisema, "Mie nimeshaacha mtoto mmoja nchi nyengine. Wa pili simwachi." Ikaisha.

Mtoto aliyemwacha ni Salma, dada yangu wa kwanza. Alikufa na miaka miwili, homa, akazikwa Bububu. Miezi michache baadaye ndio watu wakahama Unguja vile walivyohama, na bibi yako hakupata hata kwenda kaburini kuaga. Alikuwa na wimbo aliomwimbia Salma akiwa hai, kisha akaugeuza maneno baada ya kufa. Aliuimba akiwa peke yake, au na mimi tu. Hata mjomba wako hakuwa akiimbiwa. Nakuandikia mistari miwili, ile mingine unayo:

Lala nimekufunika, mchanga usikuguse,
mlango sikuufunga, ukiamka uingie.

Nilimwomba Bwana Nishimori kinasa sauti, nikamwambia nataka kujizoeza. Nikakitia kwenye pochi yangu, nikaiacha wazi juu ya mkeka. Bibi yako alikuwa anachagua mchele kwenye ungo, dirisha liko wazi, washonaji chini wamekwenda kula. Nikakaa karibu yake, nikamwambia, "Mama, niimbie ule wa Salma." Akanitazama kidogo. Akadhani nimekuja kumfariji kwa yale maneno tuliyokuwa tumezozana. Akaimba wote, mwanzo mpaka mwisho, mikono haikuacha mchele. Alipomaliza akanipapasa kichwa. Mimi nilikuwa nahesabu kama utepe umetosha.

Asubuhi yake nikampelekea Bwana Nishimori. Alisikiliza ndani ya gari, chini ya nyumba yetu, macho kafumba. Wimbo ulipokwisha akayafumbua. Akaniuliza nani. Nikamwambia mama yangu. Akaniuliza, "Anajua?" Nikamwambia anajua. Akauliza tena, "Ameridhia?" Nikamwambia ameridhia. Akauliza mara ya tatu, taratibu, ananitazama usoni, jina lake aandike vipi. Nikasema hataki jina, kwetu wanawake hawapendi. Akainama, akasema ahsante.

Unaona nilivyokuwa hodari. Nilitumia heshima yake kufunika wizi wangu.

Akenda zake. Filamu ikatoka baada ya mwaka na kitu. Mimi nikaolewa na baba'ko, tukahamia Sib, bibi yako akahamia nyumbani kwa mjomba wako barabara ya pili. Habari zikawa zinanifikia kwa barua kutoka Japani: filamu imepata tuzo, magazeti yanazungumza zile dakika nne za mwisho, Bwana Nishimori anaalikwa nchi za watu kuzungumzia muziki wake. Chini ya wimbo wa bibi yako alikuwa ameweka ala moja tu, sauti nene ya chini, haibadiliki. Watu wakasema huyo ndiye bingwa, anajua kujizuia. Na ile barua ya chuo aliyoniahidi ikaja. Baba'ko akasema, ukitaka nenda, tutapanga. Niliisoma kila siku kwa juma zima.

Ijumaa ya juma lile tulikuwa tumekula kwa mjomba wako. Nyumba imejaa, wanaume majlisini, wanawake ndani, mlango wa kati uko wazi maana sote ni jamaa. Mtu mmoja kaleta ile filamu kwenye diski, anasema njooni muone Maskati yetu. Mimi nikasema nna kichwa, twende nyumbani. Baba'ko akasema tungoje kidogo. Wote wakakaa, wanacheka wakiona njia wanazozijua, huyu anasema ile Mutrah, yule anasema siyo. Bibi yako alikuwa kwenye kiti chake karibu na mlango, anakunja leso.

Kisha yule mjane akasimama kwenye wadi, na mama yangu akaimba.

Hakuna aliyefahamu mara moja. Mwanamme mmoja akasema, huyu Mswahili, wamempata wapi. Zahra, mke wa mjomba wako, ndiye aliyegeuka kumtazama bibi yako. Mjomba wako akageuka. Kisha wakageuka wote, mmoja mmoja, chumba kizima, wanawake na wanaume, na sauti inaendelea kumlaza Salma mbele ya jamaa, wakwe na wageni. Bibi yako aliiweka leso chini. Akasikiliza mpaka mwisho, kwa adabu, kama mtu anayesikiliza hotuba. Akanyanyuka, akenda kunawa mikono, akaingia chumbani.

Nikamfuata. Alikuwa amekaa kitandani. Nikaanza kusema, sijui nilisema nini, kuwa sikutaja jina, kuwa watu wameipenda, kuwa mzee yule alikuwa na shida. Akaniacha nimalize. Halafu akasema:

"Sauti yangu ningekusamehe, Zuwena. Lakini mle ndani ulimtoa Salma, na Salma hakuwa wako."

Hakunigombeza tena, si siku ile wala nyengine. Nilipokuzaa weye alikuja kukaa nami siku arubaini, akanikanda, akakuosha. Alizungumza nami habari ya chumvi, ya dawa, ya nani kaolewa. Lakini hakuimba tena. Weye ulikua bila kubembelezwa kwa wimbo na bibi yako, na mimi kila nikikulaza nilikuwa nakosa la kuimba, maana wimbo niliokuwa nnaujua ni ule. Ile barua ya chuo niliitia kwenye droo, muda wake ukapita.

Nilimwandikia Bwana Nishimori ukweli. Nilitaraji atanijibu kwa barua. Baada ya miezi miwili akaja mwenyewe, peke yake, na fimbo. Mjomba wako akampokea majlisini, akamwekea kahawa na tende. Nikaingia ndani kumwambia bibi yako nani amekuja. Akaniambia, "Mpeni kahawa. Mgeni hafukuzwi." Na hakutoka.

Mzee alikaa masaa mawili, magoti chini, ameuelekea mlango wa ndani. Mara moja akainama mpaka paji la uso likagusa zulia, na mjomba wako hakujua atazame wapi. Nikawa nakalimani mambo yasiyo na wa kuyapokea. Alieleza kuwa alikwenda kwa wenye filamu kuwaomba waiondoe ile sauti. Wakamwambia filamu imeshauzwa nchi nyingi, na isitoshe watu wanaijua kwa sauti ile. Wakiitoa kitabaki nini. Kila mwongozaji anayempigia simu sasa anataka kitu kama kile. Hakuna anayetaka chake.

"Nimetunga miaka arobaini," akasema, "na nitakumbukwa kwa wimbo ambao sikuutunga."

Nilimsindikiza mpaka kwenye taksi. Jua la adhuhuri, njia nzima hakuna mtu. Nikamwambia asijilaumu, kosa ni langu, yeye aliuliza mara tatu.

"Niliuliza mara tatu," akasema, "kwa sababu nilijua tangu mara ya kwanza."

Akafunga mlango wa taksi. Nilisikia baadaye kuwa hakutungia filamu tena. Akaendelea kufundisha miaka michache, kisha akafa, na mwanafunzi wake mkubwa ndiye atakayekuwa mwalimu wako.

Nimefikiri sana juu ya maneno yale. Nilidhani mimi nilimdanganya, kumbe tulisaidiana. Mimi nilitaka njia ya kuondoka, yeye alitaka dakika nne, na kila mmoja alimpa mwenziwe udhuru. Uongo wangu peke yangu usingefika mbali. Ulihitaji mtu mwema wa kuupokea.

Bibi yako akaishi miaka kumi na minne tangu ile Ijumaa. Miwili ya mwisho unaikumbuka, alipokuwa hajui tena sisi ni nani. Alikuwa akiniita dada. Alikuwa akizunguka nyumba ya mjomba wako akitafuta mtoto, anafungua makabati, anainua mito, na tukimuuliza jina la mtoto hajui. Wimbo ulikuwa umemtoka wote. Nilijaribu kumwanzia mstari wa kwanza, akanitazama kama namsemesha lugha ya watu. Siku moja, ilikuwa asubuhi, hakutulia kabisa, analia, anakwaruza mlango. Nikafanya jambo ambalo sijawahi kumwambia mtu. Nikaitafuta ile filamu kwenye simu, nikaipeleka mwisho, nikamwekea. Nilisema labda akijisikia mwenyewe atarudi, japo kwa dakika nne. Labda, hili nakwambia kweli, nilitaka ile sauti imfae hata mara moja, ili na mimi niwe sikuiiba bure.

Akatulia. Akasikiliza, shingo kaiinamisha. Mikono yake ikaanza kwenda juu ya mapaja kama inachagua mchele. Nikasema, Yarabi, amerudi. Kisha akanishika mkono, akaninong'oneza:

"Nani huyu anayelia? Mwambieni anyamaze, atamwamsha mtoto."

Nikazima. Akafa baada ya wiki tatu.

Ningeweza kukaa na haya mpaka nife na weye ukaenda zako na furaha yako. Ndivyo nilivyokuwa nimekusudia. Lakini mwaka jana, kwenye msiba wa mjomba wako Said, nilitoka kwenda kuleta maji nikakuona umesimama nje ya dirisha la wanawake. Umegeuza mgongo, simu umeishika kifuani, kile kipaza sauti chako kidogo umekielekeza dirishani. Ndani Zahra alikuwa anamlilia mumewe. Unajua alivyolia siku ile, mama wa watu mpole yule, hata mimi niliyemjua miaka thelathini sikuwahi kumsikia. Nikakuona unatazama mishale ya sauti kwenye simu ikipanda na kushuka. Nikarudi ndani na ndoo tupu.

Sikukwambia kitu. Nilijiambia kijana anataka kumkumbuka mjomba wake. Kisha ikaja ile kazi uliyopeleka chuoni, uliyotusikilizisha sote sebuleni siku ulipojibiwa, baba'ko akalia kwa fahari. Ni nzuri, Mundhir. Sitokudanganya kwa hilo, ni nzuri kupita umri wako. Na dakika ya tatu, chini kabisa, ile sauti uliyoipunguza mwendo na kuivuta mpaka mtu asiyejua atadhani ni fidla, ni kilio cha Zahra. Ulinitazama ilipofika pale. Ulikuwa unataka kujua kama nimetambua. Nikatabasamu, nikasema mashallah. Weye ulikuwa unaniuliza, na mimi nikakupa ruhusa, kama vile nilivyokuwa nimempa yule mzee. Miaka yote hii nimejuta, na lilipokuja tena sebuleni kwangu nikalipokea kwa tabasamu lile lile.

Kwa hivyo sina uso wa kukusomea maadili. Sijui hata kama mtu anaweza kuwa hodari wa kazi ile bila ya kuwa hivi. Bwana Nishimori alikuwa mpole kuliko watu wengi niliowajua, hakupata kumpandishia mtu sauti, na aliwaambia wapiga fidla, tena, tangu mwanzo. Wakati mwengine nadhani imo kwenye damu yetu sisi wenye masikio. Tunasikia kilio vizuri sana hata tunasahau kuwa kina mwenyewe. Nilitamani uirithi sura ya baba'ko na akili ya mjomba wako. Umerithi hili.

Nakuogopea, na woga wangu hauna faida yoyote. Utafika kule, utasifiwa. Mwalimu atakuuliza ile sauti ya dakika ya tatu ni ya nani, na utamjibu kitu. Hutopata tabu kumjibu. Mimi sikupata tabu. Tabu inakuja baadaye, na ikija haina mlango wa kutokea. Nilikuwa nadhani bibi yako atanisamehe kabla hajafa. Kisha nikawa nadhani atanisamehe akishasahau. Alisahau, na hakukuwa tena na mtu wa kunisamehe.

Zahra hajui kuwa umekichukua kilio chake. Yuko pale pale Sib, kwenye nyumba ile ile, peke yake sasa, na asubuhi huwa amekaa barazani na kahawa yake anangoja mtu yeyote apite. Kutoka kwake mpaka uwanja wa ndege ni dakika kumi. Sikwambii upite. Mimi nilikuwa nakaa barabara ya pili kutoka kwa mama yangu na sikuweza kuivuka kwa miaka kumi na minne, nitakuamrisha weye nini. Na ukipita, pengine atakufukuza, pengine atalia upya, pengine utaikosa hiyo ndege na chuo chenyewe. Hakuna linaloahidiwa hapo.

Sitaraji kitu, mwanangu. Nakujua, na najijua. Lakini nimemwambia baba'ko mwondoke saa moja mapema kuliko mlivyopanga, na aliponiuliza kwa nini nikamwambia njiani huenda kukawa na foleni.

Mama'ko,
Zuwena